Prince Nico Mbarga SI MKONGO! Mnaocheza "Sweet Mother" kila harusi, mjueni basi mwenye wimbo

Wakuu, salamu. Leo sina utani, na anayetaka vichekesho apite uzi wa jirani.

Hivi ni harusi gani, sendofu gani, kipaimara gani mjini hapa kinaisha bila Sweet Mother? Ikifika zamu ya kumtunza mama mzazi, DJ anauachia ule wimbo, kina mama wanainuka na sare zao za vitenge, noti zinabandikwa usoni, vigelegele vinapasua turubai. Safi kabisa, sina ugomvi na hilo. Ugomvi wangu unaanza mshereheshaji akishika maiki: "Hii ni ngoma ya wazee wetu kutoka Kongo!" Ukumbi mzima makofi. Harusi inayofuata mwingine anasema ni Fela. Kuna mmoja nilimsikia kwa masikio yangu akisema ni Franco, tena kwa kujiamini kama aliyekuwepo studio siku ya kurekodi.

Hao wa ukumbini nilikuwa nawasamehe, wengine wamekula na kunywa. Kilichonitoa povu ni redio. Kituo sikitaji. Siku ya Mama Duniani, kipindi cha asubuhi, salamu za mama zinamiminika, wimbo unapigwa, na mtangazaji anautambulisha eti ni "bolingo la kale lisilochuja". Nikapiga simu. Kijana akapokea, nikamweleza kwa upole kabisa kwamba wimbo una mwenyewe na hakuwa Mkongo. Jibu lake: "Mzee wangu, wasikilizaji wetu wanataka burudani, hawataki historia." Kisha simu ikakatwa.

Haya. Historia naileta hapa, asiyeitaka asisome.

Nico Mbarga alizaliwa Januari 1950 huko Abakaliki, mashariki mwa Nigeria. Mama Mnigeria, baba Mkameruni. Kongo haimo kwa mama, haimo kwa baba. Alipokuwa na miaka 17 vita vya Biafra, vya mashariki kutaka kujitenga na Nigeria, vikaanza, na mashariki alikokulia ndiko kulikowaka moto. Akavuka mpaka kwenda upande wa baba, Kameruni, na huko ndiko alikojifunza muziki kwa kuanzia chini: marimba, konga, ngoma za bendi, mwisho gitaa la umeme, akipiga kwenye bendi za hotelini. Baada ya vita akarudi Nigeria, akaunda Rocafil Jazz, makao yao Plaza Hotel mjini Onitsha. Onitsha ni mji wa soko kubwa ukingoni mwa mto Niger, na vita vilikuwa vimeuponda vibaya. Naomba mlishike hilo, kwa sababu watu wakisikia muziki wa Nigeria akili zao zote zinakimbilia Lagos.

Mwaka 1973 wakarekodi na EMI. Wimbo wa kwanza ukadoda. Wa pili, I No Go Marry My Papa, ukashika vizuri tu kule kwao. Kwa akili ya kawaida, kampuni ikimpata kijana wa namna hiyo haimwachi atoke mlangoni. Akaja na Sweet Mother. Mwaka 1974 EMI wakaukataa, sababu yao eti wimbo una utoto utoto. Akaenda Decca mwaka 1975, wakaukataa. Akaenda Philips, nao wakaukataa.

Hapa ndipo ninapopandwa na hasira upya kila nikifikiria. Makampuni makubwa matatu, yenye mitambo, yenye wataalamu wanaolipwa mshahara kwa kazi moja tu ya kujua wimbo upi utauzwa, yanasikiliza wimbo wa mtoto anayemshukuru mama aliyekesha naye na kukaa njaa kwa ajili yake, na hakuna hata mmoja mle ofisini aliyejiuliza: hivi, ni nani Afrika hii asiye na mama? Jamaa akazunguka na wimbo wake mpaka akarudi palepale Onitsha, kwa kampuni ya wenyeji, Rogers All Stars. Wao ndio wakautoa, Desemba 1976. Idadi inayotajwa siku zote ni zaidi ya nakala milioni 13. Kama huamini hesabu za miaka ile toa nusu, halafu niletee msanii mwingine wa bara hili mwenye wimbo mmoja uliouzwa kiasi hicho kinachobaki. Na mwaka 2004 BBC walipowauliza wasikilizaji na wasomaji wao ni wimbo gani wa Afrika wanaoupenda kuliko yote, ulioshika namba moja ulikuwa huohuo "wa kitoto".

Sasa najua mjuzi atakuja hapo chini na "lakini mkuu, magitaa ni ya Kikongo kabisa". Ndiyo! Hilo ndilo jambo tamu ambalo yule kijana wa redio angewaeleza wasikilizaji wake kwa dakika moja tu na wakafurahi. Santuri za Kongo zilikuwa zimejaa Afrika Magharibi miaka ile, na Nico akauchukua ule mtindo wa kudonoa nyuzi kwa vidole, akauchanganya na highlife, muziki wa dansi wa Afrika Magharibi, ya mashariki mwa Nigeria, ileile ya kina Osadebe na Oriental Brothers, akatia na ladha ya Kameruni alikopitia ujana. Mchanganyiko wake akauita panko. Kwa hiyo sisi tuliolelewa na sebene tukisikia gitaa la solo linaanza kulialia, masikio yanakwenda moja kwa moja Kinshasa. Naelewa. Lakini mdomo nao umeusikia? Mkongo gani wa miaka ile alikuwa anaimba Pijini, kile Kiingereza cha mtaani cha Afrika Magharibi?

Na hiyo Pijini nayo ina kesi yake. Kuna msomi mmoja humu ndani, uzi wa zamani kidogo, aliandika kwamba jamaa "Kiingereza kilimpiga chenga". Nilicheka kwa uchungu. Nigeria ina mamia ya lugha. Angeimba Kiigbo, Myoruba na Mhausa wangebaki nje. Angeimba Kiingereza cha darasani, mama muuza samaki asingejua kama anaimbiwa yeye. Akaimba lugha ya sokoni, ya kuli, ya dereva wa lori, inayoeleweka kuanzia Freetown mpaka Douala. Mswahili anayemcheka mtu kwa kuimba lugha inayowaunganisha watu, huyo sijui alijifunzia wapi Uswahili wake.

Tena sisi ndio tungepaswa kuwa wa mwisho kufanya huu uzembe, maana tumeshaonja uchungu wake. Malaika! Miriam Makeba akaupeleka duniani kote, Boney M. wakaurekodi, na sisi mpaka leo mishipa ya shingo inatutoka: ni wa Fadhili William, hapana, ni wa Adam Salim. Mgeni akidiriki kuandika kwamba ni "wimbo wa asili wa Kiafrika", bila mtunzi, tunamshukia kwa maandishi mpaka anafunga akaunti. Haya, na sisi tunapomwita Nico Mbarga "wazee wetu wa Kongo", tofauti yetu na huyo mgeni ni ipi? Au jina la mtunzi lina thamani akiwa Mwafrika Mashariki tu?

Nenda mtandaoni sasa hivi ukaangalie mikusanyiko ya zilipendwa inayopakiwa na madjei wetu. "Rhumba Kali za Kongo Sehemu ya Kwanza", ndani yake Sweet Mother, katikati ya Tabu Ley na Mbilia Bel, bila jina. Wanaukata, tena! Wimbo ule mzima ni mrefu, na utamu wake wote uko pale sauti zinapopumzika na magitaa yanapoanza kujibizana, besi inatembea chini kwa madaha. DJ anauachia kipande cha mwanzo, watu wakishaitikia basi, anakata kabla hata solo halijafunguka. Mimi nasema kumkata Nico Mbarga kabla ya magitaa ni utovu wa adabu, na hapo sirudi nyuma.

Halafu wapo wa "alikuwa na wimbo mmoja tu". Nani kasema? Mmeutafuta wa pili? Isikilizeni Aki Special mkae kimya. Isikilizeni Christiana. Kuna Free Education in Nigeria. Kuna Wayo In-Law, inayohusu mkwe laghai, na huo ningependa sana mshereheshaji mmoja ajichanganye aupige kwenye sendofu tuone itakavyokuwa. Kuanzia katikati ya miaka ya 70 mpaka mwanzoni mwa miaka ya 80 Rocafil Jazz walitoa albamu baada ya albamu pale Onitsha. Tafuteni hata picha zao: Nico amepanda raizoni ndefu, mavazi ya kung'aa, huyo ni mtu aliyejua jukwaa ni nini. Wazee wenzangu wa enzi za bugaluu wataelewa nasema nini, vijana muulizeni baba.

Jambo jingine ambalo linanikera pengine kuliko yote, na najua hapa nitapoteza marafiki. Bendi za ukumbini na waimbaji wanaourudia huu wimbo, wanabadilisha maneno kidogo, wanaingiza jina la mama wa bwana harusi, wanarekodi na video juu, wanaandika "mtunzi: sisi wenyewe". Ukiwauliza wanasema ni wa zamani, hauna mwenyewe. Nani aliwadanganya? Sheria yetu ya hakimiliki hapa Tanzania, ya mwaka 1999, inamlinda mtunzi uhai wake wote na miaka 50 baada ya kifo chake. Nico alifariki 1997. Pigeni hesabu wenyewe: mpaka 2047 wimbo una wenyewe, na mirabaha yake ni ya warithi wake. Msanii huyohuyo wa kwetu akikuta wimbo wake kwenye tangazo la sabuni bila kulipwa, anaitisha waandishi wa habari na kulia machozi.

Mtu mwenyewe maisha yake hayakuwa ya raha kama tunavyouchezea wimbo wake. Rocafil Jazz ilikuwa na wapigaji kadhaa kutoka Kameruni. Serikali ya Nigeria ikawarudisha kwao, na ile bendi ya awali ikavunjika. Fikirieni, mtu ambaye nusu yake ni huku na nusu ni kule, bendi yake inakatwa palepale kwenye ule mpaka aliouvuka akiwa kijana kukimbia vita. Mwaka 1982 alipiga Uingereza na kundi la Ivory Coasters. Akarudi, akashika zaidi biashara ya hoteli, muziki ukawa nyuma. Juni 1997 akafa kwa ajali ya pikipiki mjini Calabar, akiwa na miaka 47. Mpaka leo Wanigeria na Wakameruni wanagombania ni wa nani, na kwa maoni yangu waendelee tu kugombana, maana kugombaniwa ni heshima. Sisi huku hata ugomvi hatuna, tumeshamgawia nchi ya tatu.

Mei nzima tunamcheza. Juni ikiingia, mwezi aliokufa, sijawahi kusikia kituo hata kimoja kikimtaja.

Sasa nasubiri majibu, na naomba tuokoe muda. Atakayeandika "mkuu punguza hasira, ni wimbo tu", simjibu. Atakayeandika "kwani ukijua aliyeimba unaongezewa nini", huyo namuuliza: keki ya harusi yako mliikata bila kujua bili inakwenda kwa nani? Atakayesema nawachukia Wakongo, hajasoma. Franco nina mkusanyiko wake kuliko nusu yenu humu, na ni kwa sababu namheshimu ndiyo maana sitaki abebeshwe kazi ya mtu mwingine. Ana za kwake za kutosha.

Washereheshaji mliomo humu, mnajijua. Kitu ninachowaomba hakizidi pumzi moja ya maiki: "Prince Nico Mbarga na Rocafil Jazz, Onitsha, Nigeria, 1976." Basi, endelea na matangazo yako ya gari lililoziba njia. Madjei, acheni wimbo uende mpaka magitaa yaishe, kina mama hawachoki haraka kiasi hicho, mnaochoka ni nyinyi. Na wewe kijana wa redio, kama unapita humu, namba yangu iko kwenye simu ya studio yenu. Ukitaka dakika kumi za kipindi nitakuja kwa nauli yangu, na santuri nitabeba mwenyewe.

Mods, naomba msiuunganishe uzi huu na ule wa zilipendwa, utazama kule. Na kama kuna mwenye Aki Special halisi ya Rogers All Stars, siyo ya kudurufu, aje PM. Nanunua, bei tutaelewana.