Naomba ushauri: nundu zenye pembe kwenye mkaratusi

Ndugu wanachama, habari za leo. Ninaishi New South Wales, Australia, na mkaratusi wangu mchanga, ambao naupenda mno, umeota vitawini nundu ngumu za kijani, kila moja ikiwa na pembe nne nchani na kitundu katikati. Nilipopasua moja kwa kisu nilimkuta ndani mdudu mnene asiye na mabawa, kafunikwa na unga mweupe; nadhani ni jike la wadudu magamba (wadudu wadogo wafyonzao utomvu wa mimea) wa jenasi ya Apiomorpha, wenyeji wa huku wanaoishi kwenye mikaratusi. Nimekata vitawi vitatu, ila dawa sijapulizia, kwani sioni itamfikiaje aliyejifungia ndani, na nachelea kuua nyuki.

Je, niendelee kukata, au mti utahimili? Na vitawi nilivyokata nivichome, makinda ya wadudu hao yasipeperushwe na upepo hadi kwa jirani?