Naomba ushauri: nimetoka kundini, mama bado yumo

Habari zenu ndugu zangu. Niko Kampala, na mwezi uliopita nilitoka kwenye kundi la maombi nililokaa miaka sita. Simu zetu zilikuwa zinawekwa kwenye beseni la bluu mlangoni. Ukitaka kumpigia ndugu yako, kiongozi anakaa pembeni anasikiliza. Nilipouza bodaboda yangu, hela yote ilipita mkononi mwake, nami nikasema amina. Ujinga wangu, najua.

Shida ni mama. Ameambiwa asinisalimie. Juzi nilimpelekea matoke, bakuli likarudishwa, kifuniko hakijaguswa.

Nataka kusema hadharani. Kule Kanungu, kusini-magharibi mwa Uganda, Machi 17, 2000, waumini wa kundi moja la dini waliteketea kanisani, na wengi walikuwa wameshauza mali zao. Sisemi hawa watafika huko, ila ule mtindo wa kuuza kila kitu unanitia hofu.

Nianzie kwa mwenyekiti wa LC1 (baraza la kijiji au mtaa) au polisi? Katiba ya 1995, ibara ya 29, inalinda uhuru wa dini, na hapo ndipo watakapojifichia. Tena nikiongea, mama si atafungiwa zaidi? Mliowahi kumtoa mzazi huko, mlianzaje?