Lupango (kiwanja) ya baba kule Annexe, Lubumbashi: mtu ametokea na sertifika, sisi tuna fishi ya kartie tu

BintiKatuba
Wakubwa, naomba shauri, nyumbani hatulali. Mwaka 2009 baba alinunua lupango kwa shefu wa kijiji, upande wa Annexe, wakati kule kulikuwa bado mihogo na vichuguu. Karatasi alizoacha ni mbili: barua ya kununua yenye vidole vya mashahidi wanne, na fishi ya lupango, karatasi ya kutambua mwenye kiwanja, kutoka kartie (ofisi ya mtaa). Tulijenga vyumba viwili, tukachimba kisima, mama akapanda mwembe na sasa unazaa. Baba alifariki 2019. Wiki iliyopita akaja bwana mmoja na sertifika (hati ya ardhi ya Serikali) yenye jina lake, muhuri na kila kitu. Anatupa siku 30 tutoke. Kartie wanasema fishi yetu ni ya kweli. Sasa kwa nini karatasi yake ipite yetu? Mama anashinda chini ya ule mwembe, hasemi na mtu.

Avoka_Kamalondo
Pole sana, dada. Nikuambie ukweli hata kama unauma. Kwa sheria ya ardhi ya Kongo ya tarehe 20 Julai 1973, udongo wote ni wa Serikali. Raia anapewa haki ya kuutumia tu, na haki hiyo inathibitishwa na sertifika peke yake. Fishi yenu inasema kartie inawajua. Barua inasema mlilipa pesa. Mbele ya konservatera, ofisa wa Serikali anayeandikisha ardhi, hazitoshi, ila msizitupe: ndizo zitakazoonyesha mlikuwa pale kabla yake.

Swali langu ni moja. Sertifika yake ni ya tarehe gani? Ikipita miaka 2 tangu itolewe, kwa kawaida haivunjwi tena, mnabaki kudai fidia tu. Watu wengi wanapoteza malupango hapo: wanazunguka kwa shefu, kwa kartie, kwa komini, na siku zinakwenda.

Yaya_wa_Ruashi
Mama mudogo, ata mi ilinipata. Batu banauzishaka lupango moja kwa batu babili, batatu. Usimupe mutu karatasi yenyewe, mupe fotokopi. Na akikuletea karatasi ya kusaini, ata akisema ni ya kupatana, usisaini kama avoka (wakili) hajasoma. Mi nilisaini. Njo vile niko napanga nyumba ya batu leo.

MzeeWaKupima
Nimebeba mnyororo wa wapimaji miaka mingi, kwa hiyo nasema ninachokijua. Musianze kuogopa muhuri. Nendeni kadastri, ofisi ya kupima ardhi, mukaombe kuona mchoro na namba ya lupango iliyoandikwa kwenye sertifika, kisha mulinganishe na bone (alama za mipaka) zilizo chini. Nimeona mara nyingi sertifika ya kweli kabisa, lakini ya lupango ingine, barabara mbili mbele. Kama namba ni yenu, ombeni faili yote kwa konservatera: nani alipima, siku gani, na aliandika alikuta nini. Nyumba, kisima na mwembe unaozaa haviwezi kukosa kuonekana. Kama karatasi ya kupima inasema palikuwa pori tupu, hapo muko na neno la kusema.

BintiKatuba
Mungu awabariki. Swali: nani atasimama tribinali (mahakamani)? Karatasi zote ni za jina la baba.

Avoka_Kamalondo
Swali zuri, kesi nyingi zinaanguka hapo. Jamaa ikae, iandike nani anasimamia mali ya marehemu, kisha karatasi hiyo ithibitishwe. Watoto na mama yenu wote watajwe. Baba mdogo asijichague mwenyewe.

BintiKatuba
Nimerudia picha niliyopiga kwa simu. Sertifika ina miezi 21.

Avoka_Kamalondo
Basi mna miezi 3, na barua za kuita watu tribinali peke yake zinakula wiki. Jamaa isingoje mwisho wa mwezi. Nyumba ipigwe picha, kisima, mwembe, bone zote. Leo.

BintiKatuba
Tunakaa kesho jioni kwa mjomba. Mama ameinuka, anatafuta risiti za saruji kwenye sanduku la baba.