Mjadala: Simba wa Chicago alikuwa habari au uongo?

Wadau, Aprili 1909 Theodore Roosevelt, ametoka tu kwenye urais wa Marekani, alishuka Mombasa aende kuwinda bara. Kule Chicago, mwenye studio ya sinema William Selig hakusubiri arudi. Alinunua simba mzee, akatafuta mwigizaji wa kufanana na Roosevelt, akawavalisha Wamarekani weusi wa mjini wawe "wapagazi". Simba akapigwa risasi kwelikweli, mbele ya kamera. Watu wakajazana kuangalia "Afrika", na Roosevelt mwenyewe bado yuko porini!

Kinachoniuma zaidi ni Cherry Kearton, Mwingereza aliyempiga Roosevelt picha huku huku Afrika Mashariki. Filamu yake ilipotoka 1910, watazamaji waliiona imepoa. Simba hauawi. Kwangu mimi Selig ni mwongo, na anayeonyesha leo sinema bubu za namna ile kama historia, bila kuandika kwamba zimeigizwa, ni mwongo mwenzake.

Mchangiaji: Mkuu, umewatia wote kapu moja. Mwaka 1902 kamera hazikuruhusiwa kuingia Westminster Abbey, kanisa la London, mfalme wa Uingereza Edward VII akivikwa taji. Mtengeneza sinema Georges Méliès akaigiza sherehe nzima Montreuil, Ufaransa, mapema kabisa. Mfalme akaugua kidole tumbo, sherehe ikasogezwa kutoka Juni 26 hadi Agosti 9, filamu imekaa tu inamsubiri apone (hapo huwa nacheka). Na ilitangazwa kuwa ni maigizo. Kadanganywa nani? Magazeti ya siku zile yalichora vita kwa mkono, na mchoraji hakuitwa mwongo.

Mleta mada: Mchoro hata mtoto anajua ni mchoro. Picha inayotembea utaijuaje? Tena hata kuigiza si lazima. Titanic ilipozama 1912, kumbi za sinema zilionyesha nahodha wake, Kapteni Smith, akitembea melini. Ndiye yeye, hakuna mwigizaji hapo. Ila meli ni Olympic, si Titanic, picha iliyopigwa kabla ya hapo kule New York, na majina ya vyombo vilivyoonekana pembeni yamekwaruzwa kwenye filamu ili usishtuke.

Kwa hiyo sawa, Méliès nakuachia, alisema anachouza. Selig simwachii. Na huyo aliyekwaruza majina, ningeanza naye kabla ya Selig.