Kurasa 96, siku 12 za kushuti: inawezekana?

mtayarishaji_mpya: Wakuu, filamu ni ya kujitegemea, hakuna studio nyuma yake. Skripti ina kurasa 96, lokesheni 14. Muongozaji anang'ang'ania siku 12. Je, zinatosha? Na kwenye bajeti, nini husahaulika?

ratiba_kwanza: Hizo ni kurasa 8 kwa siku, nyingi mno. Ukurasa mmoja ni kama dakika moja kwenye skrini. Timu ndogo inayojua kazi hutoa 4 au 5. Chambua skripti kabla ya kubishana naye. Kila ukurasa ugawe sehemu 8, kisha kwa kila sini (tukio moja, mahali pamoja) andika ina sehemu ngapi, nani yumo, ndani au nje, mchana au usiku. Panga kwa lokesheni, usifuate mtiririko wa hadithi. Kinachokula siku ni kuhama: kushusha taa, kupakia, kufunga upya upande wa pili. Lokesheni 14 zifanye 6. Sebule ya sini ya 9 inaweza kuwa ofisi ya sini ya 31, ukibadilisha pazia na kugeuza kamera ielekee ukuta mwingine.

mezani: Husahaulika yote yanayokuja baada ya kushuti. Tenga asilimia 10 ya dharura na usiiguse kwa chakula. Nunua diski za kutosha nakala 3, moja ilale jengo jingine. Kadi ya kamera isifutwe mpaka nakala zihakikiwe. Halafu muziki: wimbo una haki ya utunzi na haki ya rekodi, na ukilipia moja hujapata nyingine. Kibali cha kutumia wimbo kwenye matamasha ya filamu pekee ni mtego, maana msambazaji akijitokeza mwenye wimbo anapandisha bei.

mtayarishaji_mpya: Shukrani. Waigizaji wawili wamekubali kulipwa filamu ikishauzwa. Sawa?

karatasi_kwanza: Sawa, ila mkataba useme wako nafasi ya ngapi kwenye foleni ya malipo. Kwa kawaida wakala wa mauzo, yaani anayeitafutia filamu wanunuzi, hukata kamisheni yake kwanza, kisha gharama zake, ndipo wawekezaji wafuate. Gharama hizo ziwekewe kikomo cha maandishi, la sivyo safari zake za masoko ya filamu zitameza kila kitu. "Tutakulipa faida ikipatikana" ni sawa na kumwambia mtu hatalipwa. Na wasaini kabla kamera haijawashwa. Filamu ikishapata mnunuzi, sahihi hiyo hiyo ina bei nyingine.