Mbinu ya Ogawa Shinsuke inaweza kutufaa katika filamu kuhusu mpunga wa Bahi?

Mpigapicha wa Dodoma
Habari za kazi, ndugu zangu. Ninaandaa filamu ya makala kuhusu wakulima wa mpunga wilayani Bahi, na nimevutiwa sana na Ogawa Shinsuke, mwongozaji wa Kijapani aliyefariki mwaka 1992. Katika filamu yake ya 1982 kuhusu kijiji cha Furuyashiki, anachunguza kwa nini baridi imeharibu mpunga: kikundi chake kinatengeneza mfano mdogo wa bonde na kupitisha moshi mzito juu yake, tukaona jinsi hewa baridi inavyoteremka kutoka milimani hadi mashambani. Baadaye wazee wanasimulia uchomaji mkaa na vita. Je, vipimo hivyo ni sanaa, au ni somo la kilimo tu?

Mwalimu wa filamu
Ni sanaa, kwa sababu vipimo vile vinamfundisha mtazamaji kutazama. Ukishaona njia ya baridi, mzee anapoanza kusimulia humsikilizi tena kama mgeni, maana unajua anasema kuhusu mteremko gani.

Kumbuka pia alikotoka. Kuanzia 1968 alikaa na wakulima wa Sanrizuka waliopinga kunyang'anywa ardhi ili kujenga uwanja wa ndege wa Narita, na kamera yake ilisimama upande wao bila kujificha. Katikati ya miaka ya 1970 kikundi kilihamia Magino, mkoani Yamagata, kikaishi huko zaidi ya miaka kumi kikilima mpunga wake chenyewe. Filamu iliyotokana na maisha hayo, yenye urefu wa zaidi ya saa tatu na nusu, inaonyesha ua la mpunga likifunguka kwa ukaribu ambao hata mkulima hajawahi kuuona, kisha inawaleta wanakijiji waigize, pamoja na waigizaji wa kitaalamu, uasi wa wakulima wa karne ya 18. Kwangu, ujasiri wake mkubwa uko hapo: ua na uasi vinapewa uzito uleule, kwa kuwa vyote viwili ni historia ya udongo mmoja.

Binti wa mkulima, Bahi
Mwalimu, nakushukuru, ila naomba tusisahau gharama. Kikundi kile kiliishi kwa ujima na kwa madeni, jambo ambalo vijana wengi wa hapa hawaliwezi. Kaka, kama huwezi kuhamia, basi usikose kipindi cha kuamia ndege. Wanaokuja na kamera huja siku ya mavuno, wakati kazi inayochosha ni ile ya kushinda jarubani tangu alfajiri, watoto na kina mama wakipiga madebe na kurusha udongo mara mpunga unapoanza kujaza punje. Hapo ndipo watu huzungumza kwa kirefu, kwa sababu hakuna anayeweza kuondoka.

Mpigapicha wa Dodoma
Ahsante, dada. Je, wazee watakubali kuigiza mambo ya zamani, kwa mfano miaka ya njaa?

Binti wa mkulima, Bahi
Watakubali ukiwaachia wao waamue nani aigize nani. Jamaa wa marehemu waombwe kwanza, na usiwaandikie maneno ya kusema. Kabla ya hayo yote, pita kwa mwenyekiti wa kijiji, kisha uombe jembe.