Mkokoteni wenye simu 99: ni sanaa au utundu tu?

Mchora_Mkaa: Wakuu, habari za saa hizi. Mimi ni mchoraji wa mkaa. Juzi nimetazama video ya mwaka 2020 ya Simon Weckert, msanii wa Ujerumani. Anavuta kigari chekundu katikati ya barabara tupu mjini Berlin, ndani amejaza simu janja 99 za mitumba, zote zimewashwa ramani ya Google. Anatembea polepole. Kwenye ramani, barabara iliyokuwa ya kijani inageuka nyekundu. Foleni, na magari hayapo!

Mwenzangu tunayechora naye chumba kimoja anasema huo ni utundu, hakuna kazi ya mkono pale. Mimi nimeirudia mara nne. Kuna kitu kinanikaba, nashindwa kukisema. Nisaidieni.

FundiSeva: Mkuu, ramani haina jicho barabarani. Simu mfukoni mwako inatuma mahali ilipo na kasi yake, seva, yaani kompyuta kubwa za Google, inajumlisha. Simu nyingi zikijikokota pamoja, inahesabu foleni na kuanza kuelekeza madereva njia nyingine. Weckert hakudukua chochote, aliilisha chakula kilekile tunachoilisha sisi kila siku. Google wenyewe walijibu kwamba kutofautisha gari na pikipiki wameshaweza katika baadhi ya nchi, ila kigari cha kuvuta bado.

MamaBrashi: Mwanangu, mwambie mwenzio kazi ya mkono ipo: ule mstari mwekundu ameuchora kwa miguu.

Mtafute na Ben Grosser wa Marekani. Mwaka 2012 alitoa programu ya kuongeza kwenye kivinjari, ilikuwa inaficha namba zote za Facebook: laiki, maoni, marafiki. Niliiweka nikidhani ni mchezo. Mpwa wangu akatuma picha ya mwanawe mchanga. Siku zote jicho langu lilikuwa linakimbilia chini kuona wangapi wameipenda. Siku hiyo namba haikuwapo, nikaziona kucha za yule mtoto, ndogo kama punje za mchele. Nililia, sikufichi. Picha ngapi za watu ninaowapenda nilizipita hivihivi? Ndiyo maana nawathamini sana hawa wasanii. Hawahubiri, wanakuondolea kitu kimoja tu, au wanakiongeza, halafu unajiona.

Mchora_Mkaa: Mama, shikamoo, na asante. Fundi, asante pia. Sasa nimekipata kilichonikaba.

Mwezi uliopita nilikuwa napeleka picha kwa mteja, barabara ninayoijua miaka mingi. Mbele naiona iko wazi kabisa, lakini skrini nyekundu. Nikakata kona, nikazunguka mitaa nisiyoijua, nikachelewa. Niliyakataa macho yangu mwenyewe, mimi ambaye macho ndiyo yanayonilisha.

Nina karatasi ya mita mbili imekaa ukutani tangu mwaka jana. Kesho naanza na ile barabara tupu, ila sijaamua kama huo wekundu niutie au niuache.